Mama Chozi na Fundi wa Lifti

Siku tuliyomzika baba, mjomba wetu mmoja alianza kulia kwa sauti akitaka kujitupa kaburini, lakini kabla ya kujitupa akachungulia kwanza kama kuna mtu wa kumdaka. Dada yangu akaniinamia sikioni. "Huyu angefika fainali," akasema. Mimi nilikuwa nimeshika koleo. Nilicheka, nikaficha uso kwenye kitambaa, mabega yakawa yanatikisika, watu wakadhani kilio kimenizidi na wakanipa pole ambazo sikustahili hata moja. Mpaka leo Shangazi, dada yake marehemu, husimulia jinsi nilivyomlilia baba siku ile. Namwachia tu.

Usije ukadhani dada hakumpenda mzee. Alimpenda kuliko sisi wote, na hospitalini ndiye aliyekuwa akimkata kucha na kumsomea magazeti ya mwezi uliopita. Lakini miaka ishirini na ushee ya kutafuta watu wa kuingiza kwenye televisheni ilikuwa imemharibu macho. Hawezi kumwona mtu akamwona tu. Anamwona na kamera ikiwa mbele yake, na tangazo la sabuni likija baada yake.

Kazi yenyewe, kwa wasioijua, ni hivi. Vile vipindi vya watu wa kawaida, wale kumi na wawili wanaofungiwa nyumba moja wagombane, wale wapishi wanaorushiana sufuria, wale wachumba wanaokutanishwa na wakwe kabla ya kukutanishwa wao kwa wao, havijitengenezi vyenyewe. Yuko mtu anayewasaka hao watu, akawachuja, akawaweka kwenye kiti mbele ya taa na kuwauliza maswali mpaka wamwage yote. Mtu huyo ni dada yangu. Jina lake hupita mwisho wa kipindi kwa herufi ndogo, mbio mbio, wakati watazamaji wameshainuka kwenda chooni. Kazini wanamwita Mama Chozi, kwa sababu hajawahi kumkalisha mtu kwenye kiti kile akainuka macho makavu.

Aliingia kwa mlango wa nyuma. Kituo kimoja cha televisheni kilimwajiri apokee simu za watu waliotaka kushiriki kipindi cha maswali ya maarifa. Alitakiwa awapitishe wenye akili. Yeye akapitisha wenye midomo. Aliyemfokea kwa kuwekwa kwenye foleni, alipita. Aliyeanza kumweleza mambo aliyofanyiwa na mke wake wa kwanza, alipita, tena akapewa siku ya mwanzo. Mwezi ule hakuna mshiriki aliyejua mto mrefu kuliko yote ni upi, na watazamaji wakaongezeka mara mbili. Mkurugenzi akamwita ofisini amfukuze, akatoka humo na cheo.

Siri yake kubwa ilikuwa chumba cha kusubiri. Waliokuja kwenye usaili walidhani usaili unafanyikia ndani, mbele ya kamera, kumbe ulishafanyika zamani. Chumba hicho kilikuwa ghorofa ya pili, juu ya duka la matairi, kina feni moja na dirisha lililogoma kufunguka tangu lipakwe rangi, na siku zote viti vilipungua kimoja. Wakija watu kumi na watano, viti ni kumi na vinne. Kisha dada anakaa mezani, amevaa kama mfagizi aliyepandishwa cheo jana, anajifanya anapanga karatasi. Nani amebaki wima? Nani amemsimamisha mwenzake? Nani amekuja kulalamika, na amelalamika kwa sauti gani?

Mwaka mmoja alinikodi mimi mwenyewe. Mimi nina duka la dawa, kazi yangu ni kusoma mwandiko wa madaktari, lakini nilikuwa likizo na dada alihitaji mshiriki bandia. Maelekezo yalikuwa mepesi: kaa, weka begi lako kwenye kiti cha pembeni, usiliondoe. Nikakaa na begi langu kama mtu asiyelelewa. Akaja mama mmoja wa makamo, miguu imemvimba, akanitazama, akalitazama begi, akasema, "Samahani mwanangu, pana mtu hapa?" Nikasema anakuja. "Haya," akasema, akaenda kuegemea ukuta, na bado akanitabasamia. Nilitamani ardhi inimeze. Baada yake akaja kijana kinyozi ambaye hakuuliza lolote, alilichukua begi akanibwagia mapajani, akakaa, akafungua karanga zake. Wa tatu alikuwa mwanamke aliyenitolea uvivu mbele ya chumba kizima na kuwasema hadi babu zangu asiowajua. Jioni dada akanipa matokeo. Kinyozi ndani. Mwenye matusi ndani, na chumba cha peke yake.

"Na yule mama?" nikauliza.

"Yule ni wa kuwa jirani yako. Jirani mwema huwezi kumwonyesha saa moja kwa wiki, watu watazima."

Ukimsikia anavyosema utadhani ni mtu asiye na utu, lakini alikuwa anaeleza kazi tu, jinsi mimi ninavyoweza kueleza dawa ya minyoo mezani bila kuona ubaya. Wapole aliwaambia "tutakupigia," kwa heshima zote, na hakumpigia hata mmoja. Kama kuna mji mahali wanapokaa wote aliowakataa, ningeuza duka leo nihamie huko.

Tatizo ni kwamba kazi ile ilimfuata nyumbani. Pale kwenye kiti cha taa kuna kanuni: sauti ya anayeuliza hukatwa yote, kwa hiyo mshiriki lazima arudie swali ndani ya jibu. Ukiulizwa umeamkaje, husemi "vizuri", unasema "leo nimeamka vizuri". Basi dada akawa anatufanyia hivyo hivyo mezani. Mumewe alivumilia miaka mingi. Siku aliyoondoka alisimama mlangoni na sanduku, dada akamuuliza kwa nini, naye akajibu, "Ninaondoka kwa sababu nimechoka kuhojiwa kwenye nyumba ninayolipia umeme." Dada aliniambia baadaye, macho mekundu, kwamba lilikuwa jibu zuri sana, unaweza kulikata mwanzo na mwisho na bado likaeleweka bila swali.

Akahamia fleti ndogo karibu na kazini. Mwaka huohuo baba akafariki, na tangu hapo ikawa dada akitoka kazini haendi kwake, anakwenda kwa mama. Sisi tulimsifu hadi tukachoka. Kaka Mkubwa, mwenye kampuni ya kupakia mizigo, aliwaambia wageni kwamba dada yake ni malaika, anamwangalia mama kila jioni na kulala hapohapo kwenye kochi, ili bibi kizee asiwe peke yake. Mimi nami nilisifu, maana sifa hizo zilitupunguzia safari. Mama mwenyewe hakuwa bibi kizee hata kidogo. Ni muuguzi mstaafu, mwanamke wa kuamka alfajiri na kumsahihisha daktari kwenye redio.

Ndipo Jumapili moja, tukiwa tunakula kwa mama, mama akaweka kijiko chini.

"Nimepata mtu," akasema.

"Mtu wa nini?" Kaka Mkubwa akauliza, akidhani ni fundi bomba.

"Wa kunioa."

Maji yalimpalia Kaka Mkubwa mpaka nikampiga mgongoni. Mama akaendelea kama mtu anayesoma taarifa ya hali ya hewa. Mwenyewe amefiwa na mkewe, alikuwa fundi wa lifti pale hospitali alipokuwa akifanya kazi mama, wanafahamiana zamani. Mwisho wa mwaka anahamia mkoani kwa mwanawe wa kiume, na akishahama amehama, kwa hiyo jibu linatakiwa sasa.

Shangazi alikuwa hajatia neno, na hiyo peke yake ilitosha kututisha. Tangu kaka yake afariki amejiteua mlinzi wa nyumba, picha na jina lake. "Wifi," akasema hatimaye, "mimi sikuzuii. Lakini wanaume wa umri ule wanatafuta vitu viwili, nyumba na mtu wa kuwakanda miguu. Achunguzwe. Na mtaalamu si tunaye hapa? Kazi yake si kuchagua watu?"

Wote tukamgeukia dada. Alikuwa ameshika glasi, uso wake haujulikani umekaa upande gani.

"Sawa," mama akasema. "Amhoji. Akimkubali, mtaniacha?"

"Tutakuacha," Shangazi akasema. "Na akimkataa?"

Mama alimtazama dada, si Shangazi. "Akimkataa nitamwambia yule bwana aende zake. Huyu ndiye ninayeishi naye."

Hivyo ndivyo ndoa ya mama ilivyowekwa mikononi mwa mwanamke ambaye, kwa maisha yake yote ya kazi, hajawahi kumchagua mtu kwa sababu ana tabia nzuri.

Ilifanyika Jumamosi, ofisi ikiwa tupu. Dada alisema anataka afanye kama anavyojua, na kamera, ili tuone wenyewe, asije akalaumiwa. Mimi nilikaa chumba cha pili na visikilizio vikubwa masikioni, kwa kuwa mtu wa sauti hafanyi kazi Jumamosi bure. Chumba cha mahojiano nilikuwa sijakiona. Ni kidogo kama stoo, kuta zimefunikwa sponji nyeusi, na baridi ya kiyoyozi inaingia hadi kwenye meno. Kiti cha mshiriki kimekatwa miguu kidogo ili akae chini ya muulizaji. Boksi la tishu liko mezani, mahali unapoliona lakini ukilitaka lazima unyooke. Kila kitu mle ndani kimepangwa ili binadamu ajione yatima.

Fundi wa Lifti aliingia amevaa shati lililopigwa pasi na mtu asiyejua kupiga pasi. Akakitazama kiti, akakitikisa. "Hiki kimekatwa," akasema, akakaa.

"Jitambulishe," dada akasema.

"Fundi wa lifti. Nimestaafu."

Dada akangoja, hakuja kitu kingine. "Niambie kuhusu marehemu mkeo."

"Alifariki."

"Ulijisikiaje?"

"Vibaya."

"Naomba unijibu kwa sentensi kamili, urudie na swali langu."

Mzee akawaza kidogo. "Mke wangu alipofariki nilijisikia vibaya."

Kule nilikokuwa niliziba mdomo kwa mkono. Dada akabadilisha gia, akaanza kumtia ndimu. Anajua kufanya hivyo bila kupandisha sauti, utadhani anakuuliza saa.

"Watu wanasema unaitaka nyumba ya mama."

"Nyumba ninayo."

"Watu wanasema unatafuta nesi wa bure."

"Watu gani?"

"Wengi."

"Mimi nimesikia ni shangazi yenu tu."

"Kama mnafahamiana zamani, kwa nini ndoa iwe sasa?"

"Mama yako alisema tusubiri."

"Msubiri nini?"

"Hilo muulize mwenyewe."

Wakaenda hivyo mpaka kiyoyozi kikaanza kudondosha maji. Dada alimchokoza kwa watoto wake, kwa umri wake, kwa baba yetu. Mzee alikuwa anajibu kama anayekaza skurubu: anazungusha, inashika, anaacha. Kwa kipimo cha kazi ya dada, yule mtu alikuwa hana hata dakika moja ya kuonyesha. Hakuwa na adui. Hakuwa na deni la moyo. Nilimwona dada kupitia kioo cha katikati, anafuta kiganja kwenye sketi, jambo ambalo sijawahi kumwona akilifanya.

Akatoa silaha ya mwisho, ambayo ni kunyamaza. Anakutazama kwa huruma na hasemi kitu, na wewe kimya kikikukaba unaanza kusema chochote ili kiondoke, na hicho chochote ndicho alichokuwa anakitaka tangu asubuhi. Aliwahi kuniambia kwamba hata wanasiasa hawafiki mbali. Basi akanyamaza. Fundi wa Lifti naye akanyamaza. Huyu ni mtu aliyekaa maisha yake kwenye shimo la lifti, peke yake, akisikiliza kamba zinavyopumua. Kimya kwake ni mazingira ya kazi. Aliangalia kiyoyozi, akaangalia maji yanavyodondoka, akarudisha macho kwa dada, akatulia. Nilidhani waya umekatika, nikaanza kugusagusa vifungo. Kisha nikasikia sauti ambayo sikuitambua, ikabidi nichungulie kioo nijue ni ya nani.

"Lile kochi ni langu," dada akasema.

"Kochi gani?"

"La sebuleni kwa mama. Nikitoka kazini nalala pale. Wote wanasema namwangalia mama. Simwangalii. Nafika nakuta ameshaoga, ameshafunga milango, hana shida na mtu. Mimi ndiye nisiyeweza kulala kwangu. Kwangu nikizima taa nasikia friji tu. Siku nzima nasikiliza watu wananiambia mambo yao ya ndani, nikifika kwangu hakuna hata wa kuniuliza nimekula." Alikuwa analia sasa, vibaya, bila mpangilio wowote, vile ambavyo kwenye kipindi angesema piga tena. "Ukihamia pale mimi nitakwenda wapi? Nina miaka hamsini na moja. Naanzaje kumwambia mtu kitu kama hiki?"

Mzee hakusema pole. Alijinyoosha kulifuata boksi la tishu, mgongo ukamuuma, akaguna. "Hili boksi limewekwa mbali," akasema, akampa.

Dada akapenga kamasi, akachukua tishu ya pili.

"Mimi kochi sikalii," mzee akasema. "Mgongo. Kile chumba cha nyuma kwa mama yako kina nini?"

"Kina cherehani na mabegi ya baba."

"Cherehani inahamishika."

Mahojiano yakaishia hapo. Mzee akaaga, akaniaga na mimi kwa kugonga kioo, akashuka kwa ngazi. Lifti ya jengo lile, alisema, haipendi.

Dada alibaki na shida ambayo haikuwahi kumpata. Alitakiwa awaonyeshe ndugu kitu Jumapili inayofuata. Kama kawaida ya kazi akiikata sauti yake, kinachobaki ni mzee amekaa kwenye kiti kifupi anasema "Mgongo" na "Cherehani inahamishika", na Shangazi angetaka apelekwe kupimwa akili. Akiiacha sauti yake, chumba kizima kitamsikia malaika wa familia akilia kwa ajili ya kochi.

Kwa hiyo akafanya cha tatu, na alikifanya kwa urahisi ulionitia woga. Nilikuwa nimekaa nyuma yake. Akachukua neno "nyumba" kutoka huku, akaliunganisha na "cherehani inahamishika" kutoka kule. Baada ya swali la kama anampenda mama, akaweka ule unyamavu mrefu, mzee anaangalia kiyoyozi kama mwizi anayetafuta pa kutokea. Chini akapitisha muziki wa taratibu, wa nyuzi nzito. Haikuchukua muda wa kunywa chai. Alipoiwasha yote, mimi niliyekuwepo, niliyesikia kila neno kwa masikio yangu, nilitaka kupiga simu polisi. Dada aliitazama mara mbili. Mara ya pili nikamwona anaanza kumchukia yule mzee kwa dhati.

"Hii ukiionyesha, imekwisha," nikamwambia. "Anahamia kwa mwanawe na wewe unabaki na kochi."

"Najua."

"Mimi sitasema kitu. Unanijua, mimi ndiye mwoga wa ukoo huu."

"Najua pia," akasema. Akahifadhi zote mbili kwenye flashi moja, fupi na ndefu, akaitia kwenye mkoba.

Jumapili tulijaa sebuleni. Shangazi alikuwa amekaa mbele kabisa, kwenye kiti cha mto, ameandaa hadi miwani. Kaka Mkubwa amesimama nyuma na simu yake inayoita kila baada ya muda. Mama alikaa kwenye kochi lenyewe, upande mmoja, na upande wa pili lilikuwepo blanketi la dada limekunjwa vizuri kama kawaida. Alikuwa amevaa gauni la bluu. Mama hafanyi hivyo nyumbani, na nilipoliona gauni lile nikajisikia vibaya kuliko siku ya mazishi.

Dada akachomeka flashi kwenye televisheni. Kwenye kioo yakatokea mafaili mawili, moja chini ya jingine, na alama ya njano ikasimama kwenye lile fupi. Ikakaa hapo. Mkono wake ulioshika rimoti ulikuwa umetulia kabisa, na hapo ndipo nilipoogopa, kwa sababu mkono wake hutulia akiwa kazini.

"Mbona haiwaki?" Shangazi akauliza.

Dada akamtazama mama. Akashusha alama, akabonyeza la chini, akaenda kusimama karibu na mlango.

Mwanzoni walicheka. "Vibaya" ilimvunja mbavu Kaka Mkubwa. Pale mzee aliposema amesikia ni shangazi yenu tu, Shangazi akavua miwani na kuuliza ni nani aliyempa ruhusa ya kumtaja. Kisha kikaja kile kimya, kirefu, bila muziki, na simu ya Kaka Mkubwa ikaita akaizima bila kuitazama. Kisha ikaja sauti ya dada. Hakuna aliyemgeukia. Tuliangalia kioo wote, na yeye pale mlangoni aliangalia vidole vyake vya miguu, na mambo yote yakasemwa, friji, taa, kochi, miaka hamsini na moja.

"Zima," mama akasema.

Nikazima mimi.

"Kumbe ulikuwa unakuja kulala," mama akasema.

"Ndiyo, mama."

"Mimi nilijua unakuja kunilinda. Kila jioni nasikia gari lako, najiambia mtoto amechoka na bado amekuja, hawezi kuniacha peke yangu. Yule bwana alinitamkia miaka minne iliyopita. Nikamwambia asubiri. Nikasema binti yangu bado ana msiba wa baba yake, anajitesa kuja kwangu kila siku, nikiolewa nitamvunja moyo. Mwaka ukiisha namwambia tena asubiri. Jioni nyingine nimeshavaa viatu niende kwake tuongee, nasikia gari, navua, naja kukupashia chakula." Sauti yake haikupanda. "Nilikuwa nakaa macho kwa ajili yako. Ana miaka sabini na moja yule. Unajua miaka minne ni mingapi kwake?"

Shangazi alikohoa, akafuta miwani kwa pindo la kitambaa chake muda mrefu kuliko ilivyohitaji, akasema kwa sauti ya chini kwamba yeye binafsi haoni neno kwa mtu yule.

"Mpigie simu," mama akaniambia mimi, akiinuka. "Mwambie aje sasa hivi, chakula hakijapoa." Akaingia jikoni, na tukasikia masufuria yakisogezwa kwa nguvu.

Nilipiga simu. Nilipomaliza nikamkuta dada amelichukua lile blanketi na anajaribu kulisokomeza kwenye mkoba usiolitosha. Shangazi akamuuliza anakwenda wapi.

"Kwangu," akasema.

Mama akatokea mlangoni mwa jikoni na sahani mkononi. Macho yake yalikuwa mekundu na bado alikuwa amekasirika, ilionekana.

"Weka blanketi," akasema. "Kaa ule kwanza."

Dada akakaa. Mama akampakulia, akampakulia tena, bila kumtazama usoni, na dada akala vyote.